Kumwagilia epifilamu ukiwa huku pwani kwenye unyevu

Huku Dar mtu akiona epifilamu yake, ile kaktasi ya majani bapa, imesinyaa anakimbilia jagi la maji, na hapo ndo anaimalizia. Mi niliua ya kwanza hivohivo, masika, majani yamelegea kama yana kiu nikawa nazidi kumwagilia kila jioni, siku nimeishika ikang'oka yote mkononi, mizizi imekua uji wa kahawia unanuka. Iliniuma sana, nilikua nimeilea miaka miwili. Kwahiyo jueni hili: majani yamesinyaa na udongo bado mbichi, hiyo sio kiu, mizizi imeoza haiwezi tena kunywa.

Epifilamu ni kaktasi kweli ila sio ya jangwani. Ile ya maua meupe yanayofunguka usiku, Epiphyllum oxypetalum, asili yake misitu ya Mexico na Amerika ya Kati huko, inaota juu ya miti, mizizi imejishika kwenye magome na mabaki ya majani, mvua ikinyesha inalowa halafu upepo unaikausha. Yale majani bapa yenyewe ni shina lake. Sasa ukiichukua ukaipanda kwenye udongo wa bustani ndani ya ndoo ya plastiki, na hewa yetu hii ambayo hata taulo halikauki, unategemea nini?

Kwahiyo kabla ya maji anza na mchanganyiko. Mi natumia makumbi ya nazi, nayakatakata vipande vya kama sentimita 2, naloweka siku mbili nabadilisha maji mara kadhaa manake yana chumvi, halafu sehemu 3 za hayo, sehemu 2 za changarawe ndogo, sehemu 1 ya mkaa uliovunjwavunjwa na sehemu 1 ya mboji iliyoiva vizuri. Ukimwaga maji juu yanatakiwa yatoke chini ndani ya sekunde chache, yakituama juu ongeza changarawe. Chungu cha udongo ni bora kuliko plastiki kwasababu kinapumua, kiwe na matundu, na kile kisahani cha chini kitoe kabisa. Usipande kwenye chungu kikubwa pia, huu mmea unapenda kubanwa kidogo na ukibanwa ndo unatoa maua.

Sasa maji. Sahau mambo ya "mara mbili kwa wiki", ratiba ya mtu wa Dodoma haikufai wewe. Chukua kijiti cha mshikaki, kichome mpaka karibu na chini ya chungu, acha dakika tano, chomoa. Kikitoka na rangi ya kulowa na vichembe vimeng'ang'ania, acha, rudi kesho kutwa. Kikitoka kinakaribia kukauka na kina ubaridi kidogo tu, mwagilia mpaka maji yatoke chini. Usisubiri ikauke kama mifupa, sio ya jangwani nimeshasema. Kwangu kipindi cha joto, Januari Februari, inafika kila siku tatu au nne, kusi inapovuma inaenda mpaka wiki, na masika naitoa mvuani naiweka barazani, wakati mwingine simwagilii wiki mbili kabisa. Mwagilia asubuhi ili majani yakauke mapema, jioni ni kukaribisha fangasi. Na kama mnatumia maji ya kisima yenye chumvi, kinga maji ya mvua kwenye ndoo, yale ya chumvi yanaunguza mizizi taratibu.

Upepo ni muhimu kuliko watu wanavyodhani. Usiibananishe ukutani, itundike chini ya mwembe au barazani panapopita hewa, ipate jua la asubuhi tu. Majani yakiwa mekundu jua limezidi, yakirefuka membamba kama kamba basi giza limezidi. Angalia pia kwenye vijipengo vya pembeni ya jani, ukiona kama pamba nyeupe hao ni wadudu wanaitwa vidung'ata, wafute na pamba yenye spiriti.

Ikishaanza kuoza shinani usikate tamaa. Kata juu ya palipooza kwa kisu ulichofuta na spiriti, endelea kukata mpaka ndani uone kijani safi bila doa, kipande cha sentimita 15 mpaka 20 kinatosha, kitundike kivulini siku 7 mpaka 10 kidonda kikauke kabisa, halafu kichomeke sentimita 4 hivi kwenye mchanganyiko mkavu, wiki nzima bila maji. Hii ninayo saivi imetokana na kipande nilichookoa kwenye ile iliyokufa.

Ukiona kijichomozo chekundu kwenye kipengo, kikarefuka kikajikunja kama ndoano, hilo ni ua linakuja, usihamishe chungu wala usibadilishe umwagiliaji ghafla, vitumba vitadondoka. Likianza kuvimba jioni kaa nalo usilale, linafunguka usiku, harufu inajaa nyumba nzima, alfajiri limeshanyauka. Asubuhi toa ua tu, jani usilikate, vile vipengo vingine vitachanua baadae.