Somo: Aliyekupiga ameachiwa huru Mahakama ya Mwanzo? Usisubiri nakala ya hukumu

Juzi mama mmoja aliniletea karatasi zake ndani ya mfuko wa nailoni: PF3 (fomu ya polisi ya matibabu ya majeruhi) iliyokunjwa mara nne, samansi mbili, na nakala ya hukumu ambayo wino wa mhuri wake bado unachafua vidole. Jirani alimpiga kwa mchi akampasua juu ya jicho. Mahakama ya Mwanzo ikasema kosa halikuthibitishwa, jirani akaenda zake. "Nakala ndiyo nimeipata leo, mwanangu, sasa tukate rufaa." Nikatazama tarehe. Hukumu ilisomwa siku 41 nyuma.

Kosa lake ni kosa la wengi, kwa hiyo twende taratibu. Naongelea Tanzania Bara.

Hatua ya 1: Jua kesi ilisikilizwa mahakama gani
Hapa ndipo njia zinapoachana. Kwa kesi iliyoanzia Mahakama ya Mwanzo (shambulio la kawaida na shambulio la kudhuru mwili nyingi huanzia huko), Sheria ya Mahakama za Mahakimu, Sura ya 11, inampa mlalamikaji mwenyewe haki ya kukata rufaa Mahakama ya Wilaya mshtakiwa akiachiwa. Lakini kama kesi ilianzia Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi, Jamhuri ndiyo iliyoshtaki. Wewe ulikuwa shahidi tu, hata kama kidonda ni chako. Mwenye haki ya rufaa huko ni Mkurugenzi wa Mashtaka.

Hatua ya 2: Hesabu siku 30
Zinahesabiwa tangu hukumu iliposomwa. Siyo tangu ulipopewa nakala, wala tangu ndugu walipokaa kikao wakakubaliana. Siku hiyo hiyo ukitoka mahakamani, iandike tarehe mahali usipoweza kuipoteza.

Hatua ya 3: Omba nakala, lakini usiifanye kisingizio
Omba kwa barua nakala ya hukumu na mwenendo wa kesi (kumbukumbu ya yote yaliyosemwa mahakamani), na ubaki na kopi ya barua yako iliyogongwa mhuri wa kupokelewa. Siku zikibana, fungua rufaa kwa yale uliyoyasikia hukumu ikisomwa. Kwa rufaa inayotoka Mahakama ya Mwanzo, sheria haikulazimishi kuambatanisha nakala.

Hatua ya 4: Andika sababu za rufaa
Hapa tukae kidogo, maana rufaa nyingi hufia hapa. Nimesoma hati iliyoandikwa: "Hakimu alinionea na wote wanajua." Hakimu wa rufaa atafanya nini na sentensi hiyo? Yeye hakuwepo, anachokiona ni maandishi ya mwenendo wa kesi. Mwonyeshe mahali. Kwa yule mama tuliandika hivi (SM1 na SM2 ni shahidi wa mashtaka wa kwanza na wa pili):

"Kwamba Mahakama ya Mwanzo ilikosea kisheria na kiushahidi kwa kuukataa ushahidi wa SM2 kwa sababu tu alitaja fimbo na SM1 akataja mchi, wakati wote wawili walisema ni mjibu rufani aliyepiga, na PF3 ilionyesha jeraha juu ya jicho la kulia."

Sababu tatu za namna hiyo zinatosha. Wewe sasa unaitwa mrufani, aliyeachiwa ni mjibu rufani. Na usisahau kwamba mzigo haujapungua: bado kosa lithibitishwe pasipo kuacha shaka. Kama hakimu alimwachia kwa sababu hakuna aliyeona ila wewe, nanyi mlikuwa na ugomvi wa mpaka tangu zamani, jiulize kwa uaminifu kabla ya kupoteza nauli.

Hatua ya 5: Fungua na uhudhurie
Hati hufunguliwa Mahakama ya Wilaya yenyewe. Siku ya kusikilizwa, elezea sababu zako, usianze kusimulia tukio upya. Mahakama itaupima ushahidi wote tena. Inaweza kutengua hukumu, kuamuru kesi isikilizwe upya, au kuiacha kama ilivyo.

MASWALI YA WANACHAMA

Kaka, rufaa ikiwa inaendelea, jamaa anarudishwa ndani?
Hapana. Ameachiwa, na kukata rufaa peke yake hakumrudishi. Akikutishia, hilo ni jambo jipya, karipoti polisi.

Kesi yangu ilikuwa Mahakama ya Wilaya. Ndiyo basi?
Nenda haraka Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, peleka barua ya kuomba waipitie hukumu. Haraka, kwa sababu hata Mkurugenzi wa Mashtaka ana siku 30 za kutoa taarifa ya kusudio la rufaa. Ukifika siku ya 29 umewapelekea tatizo, siyo jalada. Wakikataa, bado unaweza kufungua madai ya fidia. Kesi ya madai hupimwa kwa uzito wa ushahidi, kipimo chepesi kuliko cha jinai.

Nikishindwa Wilaya naweza kwenda Mahakama Kuu?
Ndiyo, ndani ya siku 30 tena. Ila hati hiyo unaiwasilisha pale pale Mahakama ya Wilaya, wao ndio wanaituma juu pamoja na jalada. Watu hupanda basi hadi Mahakama Kuu kisha hurudishwa.

Mwalimu, na yule mama wa siku 41?
Kwanza tumeomba kuongezewa muda, kwa kiapo. Mahakama inataka maelezo ya kila siku iliyochelewa, na kusubiri nakala si sababu ya uhakika. Kilichonipa moyo ni samansi yake moja: nyuma yake aliandika kwa kalamu tarehe zote alizokwenda kuulizia nakala, mara tano, na nyingine ameweka alama ya kuambiwa "njoo kesho". Tumeziweka zote kwenye kiapo. Tunasubiri kupangiwa tarehe.