Kujiharibia mwenyewe: namna ya kuona inapoanzia na kuikatiza

Tangazo la kazi limetoka wiki tatu zilizopita. Vyeti vipo kwenye bahasha, barua ya maombi imeandikwa nusu, na mwombaji ana sifa zote. Siku ya mwisho, saa tano usiku, ndipo anaingia kwenye mfumo. Mtandao mzito, cheti kimoja hakijagongwa muhuri wa wakili, faili limezidi ukubwa unaokubalika. Saa sita dirisha linafungwa. Kesho atasema mtandao ulimwangusha, na atakuwa hajadanganya. Ila siku 20 zilizotangulia mtandao ulikuwepo.

Huko ndiko kujihujumu: jambo unalitaka kweli, uwezo unao, na anayelizuia ni wewe. Tutamfuata mwombaji huyu, maana hali yake ni ileile ya mwenye tasnifu isiyoisha, ya anayevunja kibubu kila kinapokaribia kujaa, na ya anayezua ugomvi kila uhusiano unapotulia.

Kwanza tenga kikwazo cha kweli. Aliyekosa nauli au aliyekuwa akiuguza hajajihujumu. Maisha yamembana, na kujilaumu ni kujionea. Jiulize: kikwazo kilipoondoka, nilifanya nini? Kama mtoto alipona Jumatatu na hadi Ijumaa barua haijaguswa, pana jambo jingine.

Kinacholisha tabia hii

Wengi huuita uvivu. Jina hilo halifai, kwa sababu mvivu halali macho akiiwaza barua. Mwombaji wetu kila akiifungua anapatwa na hofu ya kukataliwa, au aibu kwamba wasifu wake ni mfupi. Akiifunga na kushika simu, hofu inashuka papo hapo. Nafuu hiyo ndiyo malipo, na tabia inayolipwa papo hapo hurudiwa. Hasara inakuja wiki mbili baadaye, imeshachelewa kumfundisha lolote.

Pana malipo ya pili, nayo ni udhuru. Mwaka 1978 Steven Berglas na Edward Jones, wanasaikolojia wa Marekani, waliwapa baadhi ya wanafunzi maswali yasiyo na jibu, kisha wakawaambia wamefanya vizuri sana. Kabla ya duru ya pili wakawapa hiari: dawa inayodaiwa kuchangamsha akili, au inayodaiwa kuizubaisha. Wanaume waliosifiwa bila kujua wamefauluje walielekea kuchagua ya kuzubaisha. Wakishindwa, lawama ingeiangukia dawa. Kuanza kazi saa tano usiku ya siku ya mwisho hufanya kazi ileile ya dawa ile: uwezo wako haupimwi kamwe. Ndiyo maana balaa hili huwapata hata watu wanaosifiwa, hasa pale wasipoamini kwamba sifa hizo ni zao.

Daftari la siku saba

Usianze kwa kujirekebisha. Kwa siku 7 andika tu, kwenye daftari au simu, safu nne: saa; nilichopaswa kufanya; nilichofanya badala yake; nilichohisi muda mfupi kabla ya kukwepa. Safu ya nne ndiyo yenye thamani. Mfano wa mstari mzuri:

"Saa 2:40 usiku. Kuandika aya ya uzoefu wa kazi. Nikafungua WhatsApp, dakika 50. Kabla yake: niliona sina cha kuandika, nikaona aibu."

Mstari mbovu ni huu: "Leo nimezembea tena." Hiyo ni hukumu, haina kitu cha kushughulikia. Kosa jingine ni kusubiri hadi wakati wa kulala ndipo ujaze. Hisia itakuwa imesahaulika, na utaandika maelezo mazuri badala ya kilichotokea. Andika ndani ya dakika 15.

Siku ya nane soma safu ya nne peke yake, kutoka juu hadi chini. Mara nyingi hisia moja au mbili ndizo zinazojirudia. Hapo ndipo pa kufanyia kazi.

Kuikatiza

Punguza kitendo cha kwanza mpaka hofu iwe ndogo kuliko kitendo. "Kuomba kazi" ni mlima. "Kuskani vyeti viwili" ni dakika 10. Kwa mwombaji wetu, mpangilio unaofaa ni huu: siku ya 1, skani vyeti, siku ya 2, peleka nakala kwa wakili, siku ya 3, andika aya moja ya barua, mbovu ikiwezekana, siku ya 4, aya mbili zilizobaki, siku ya 5, mpe mtu mmoja aisome, siku ya 6, pakia na utume. Zinabaki wiki mbili za dharura. Aya iandikwe mbovu kwa makusudi, kwa sababu hofu ya aibu hulishwa na kutaka sentensi ya kwanza iwe kamili.

Kisha funga kitendo hicho kwenye wakati na mahali, kwa muundo wa "nikishafanya hiki, nafanya kile". Mwanasaikolojia Peter Gollwitzer wa Ujerumani ameutafiti muundo huu kwa miaka mingi, na unasaidia kwa sababu uamuzi unakuwa umeshafanyika kabla hofu haijafika. "Kesho nitajitahidi" si mpango. "Nikishaosha vyombo vya usiku, naacha simu jikoni ikichaji, nakaa mezani na kuandika aya moja" ni mpango.

Simu kuwa jikoni si jambo dogo. Njia ya kukwepa ifanye iwe na usumbufu kidogo, lakini usiifunge kabisa. Kwenye pesa hili limepimwa. Pascaline Dupas na Jonathan Robinson walichapisha mwaka 2013 utafiti wa magharibi mwa Kenya, ambako wanachama wa vikundi vya kuchangiana walipewa masanduku ya chuma ya kuwekea akiba ya afya. Waliokaa na ufunguo wao wenyewe waliongeza matumizi ya kinga ya afya. Sanduku ambalo ufunguo ulishikwa na mtu wa mradi halikuleta faida hiyo, maana pesa ikishaingia haikuweza kuokoa dharura nyingine. Kwa hiyo anayevunja kibubu aweke akiba mahali panapohitaji safari au siku mbili kuifikia, na abakize kiasi kidogo cha dharura nje yake.

Usitangaze mpango kwa watu wengi. Pongezi za mapema huleta nafuu ileile ya kukwepa. Mchague mmoja asiyekugombeza, umtumie picha ya kilichofanyika: risiti ya wakili, ukurasa ulioandikwa.

Utateleza. Hatari haiko kwenye siku moja uliyokwepa, iko kwenye kauli ya "nimeshaharibu, basi tena", ambayo hugeuza siku moja kuwa wiki. Utafiti wa Michael Wohl na wenzake nchini Kanada, mwaka 2010, uliona kwamba wanafunzi waliojisamehe kwa kuahirisha kusoma kabla ya mtihani wa kwanza walipunguza kuahirisha kabla ya wa pili. Kujitukana huongeza hisia uliyokuwa ukiikimbia. Siku hiyohiyo fanya nusu ya kitendo, hata dakika 5, kisha ulale.

Kwenye uhusiano, kitendo kidogo ni kuchelewesha maneno. Ukihisi hamu ya kuchokoza wakati mambo yametulia, ngoja dakika 20 kabla ya kutuma ujumbe, halafu useme hofu yenyewe: "Naogopa utaniacha."

Baada ya wiki nne rudia daftari la siku saba, ulinganishe safu ya nne. Hisia ikiwa ileile na nzito vilevile, au huzuni na kukosa hamu vimekaa zaidi ya wiki mbili, au kimbilio lako ni pombe, nenda hospitali yenye kitengo cha afya ya akili, na uchukue daftari hilo mkononi. Litamfaa mtaalamu kuliko maelezo ya kukumbuka. Ukiwa na mawazo ya kujidhuru, nenda leo, ukiwa na mtu wa kukusindikiza.