Kabla hujalipia saa ya hadubini ya elektroni

Picha yangu ya kwanza ya nzi mweupe wa muhogo ilitoka safi mno. Mbawa laini, miguu inahesabika, kila kitu kimetulia. Niliifurahia jioni nzima, mpaka msimamizi wangu alipouliza, "Nta yake iko wapi?" Mdudu huyu anaitwa mweupe kwa sababu ya unga wa nta unaomfunika mwili, nami nilikuwa nimempitisha kwenye etanoli mara saba kabla ya kumpiga picha. Nilichokuwa nakitazama ni ngozi tupu. Nakuandikia wewe unayejiandaa kwenda kwenye kitengo cha hadubini, cha chuo chako au cha mbali, kwa sababu saa za mashine hulipiwa, na kosa kama hili halionekani mpaka umeshalipa.

Anza na swali. "Nataka kupiga jani SEM", yaani hadubini ya elektroni inayoonyesha uso wa kitu, si swali. "Nataka kujua vinyweleo vya chini ya jani vimepangwaje pale watoto wa nzi mweupe wanapojibandika" ni swali, na ndilo litakalochagua mashine. SEM hupitisha mwale wa elektroni juu ya uso wa kitu: mdudu, jani, chavua, chuma kilichovunjika. TEM, aina ya pili ya hadubini ya elektroni, huupenyeza mwale katikati ya kitu, kwa hiyo tishu sharti igandishwe kwenye rezini na kukatwa vipande vya nanomita 60 hadi 90; huko ndiko utakapoona virusi vya batobato, ugonjwa wa muhogo unaoenezwa na nzi huyu, ndani ya seli. Kama unatafuta mpangilio wa atomu, kuna kituo cha Chuo Kikuu cha Nelson Mandela huko Gqeberha, Afrika Kusini, kilichofunguliwa mwaka 2011. Na kama unachokitafuta kinazidi nanomita 200, jaribu kwanza hadubini ya mwanga. Huenda ikakutosha.

Ukishapata swali, nenda kaongee na mtaalamu wa kitengo kabla hujaenda shambani. Mwambie ukubwa wa sampuli na kemikali ulizozoea kutumia. Uliza bei ya saa, na kama kukausha na kupaka dhahabu (utando mwembamba unaopitisha umeme) kumo ndani ya bei hiyo. Mimi nilimwona nikiwa na chupa tayari mkononi, nimeshachelewa.

Sasa maji. Ndani ya hadubini ni ombwe, hakuna hewa, na kitu chenye maji kikiingia humo husinyaa kama jani lililoachwa juani. Kwa tishu laini, njia iliyozoeleka ni glutaraldehaidi, dawa ya kuhifadhi tishu, ya asilimia 2.5 kwenye bafa ya fosfeti (myeyusho unaozuia asidi isibadilike). Itumie palepale shambani, dakika ileile unapokata. Mimi nilikuwa nafanyia kazi kwenye ndoo iliyopinduliwa, shambani Mkuranga, mkoa wa Pwani, nimevaa glavu. Vipande vya jani viwe vidogo, milimita chache tu, kwa sababu dawa hupenya polepole. Vitaelea kwa sababu vina hewa: vitie pamoja na dawa kwenye bomba la sindano lisilo na sindano, ziba mdomo kwa kidole, vuta mchi taratibu, achia, rudia mpaka vizame. Kisha viache usiku kucha kwenye friji, nyuzi 4.

Baada ya kusuuza kwa bafa, wengine huongeza osmiamu tetroksaidi, kemikali nyingine ya kuimarisha tishu. Hiyo mwachie mtaalamu, chini ya kivuta hewa. Mvuke wake huharibu macho. Halafu etanoli, ya kuondoa maji hatua kwa hatua: asilimia 30, 50, 70, 80, 90, mwisho 100 mara mbili, dakika 10 hadi 15 kila hatua. Kinachofuata ni kukausha kwa kabonidayoksaidi iliyopitishwa nyuzi 31 na angahewa 73, ambako mpaka kati ya kimiminika na gesi hupotea, hivyo hakuna mvutano wa uso wa kimiminika unaolaza vinyweleo.

Ila kama unatafuta nta, safari hiyo yote usiifanye. Etanoli huisomba. Mara ya pili niliwaua wadudu kwa baridi ya friza, nikawakausha siku kadhaa kwenye chupa yenye silika jeli (chembe zinazonyonya unyevu), nikawapaka dhahabu moja kwa moja. Macho yao yalibonyea kidogo. Nta ilibaki, na nta ndiyo niliyokuwa naitaka.

Bandika sampuli kwenye kitako cha alumini kwa utepe wa kaboni, kwa kibanio, kamwe si kwa vidole. Jani moja libandike upande wa juu ukitazama juu, jingine upande wa chini ukitazama juu. Ukitaka kupima elementi, omba sampuli ipakwe kaboni badala ya dhahabu, kwa sababu mstari wa eksirei wa dhahabu huifunika mistari ya fosforasi na salfa.

Siku yenyewe anza na volti 5,000. Picha ikimeremeta au kujaa mistari, chaji ya umeme inakusanyika kwenye sampuli: punguza volti kabla ya kulaumu mashine. Kuza kupita unavyohitaji, rekebisha fokasi mpaka picha iwe kali, kisha rudi chini upige. Piga wadudu watano, hata wasiopendeza, na picha moja ya mbali kwa kila mmoja. Hifadhi kwa faili la TIFF lenye mstari wa kipimo, unakili siku hiyohiyo.

Vitako usivitupe. Viandike jina chini, uviweke kwenye kisanduku kikavu. Vyangu vya mara ya pili nilivirudisha kwenye mashine baada ya miezi minane, mhakiki wa makala alipotaka picha ya karibu ya bawa, na sikulazimika kurudi Mkuranga.